ZABUNI ZA SERIKALI: MZIGO WA WAFANYAKAZI NI WA NANI?

KASOKOLA, Mpanda – Wafanyabiashara wa Kasokola wanaoomba zabuni za usafi, ulinzi au ujenzi wanashauriwa kuelewa jambo moja kabla ya kupanga bei. Mfanyakazi akiachishwa kazi, idara ya serikali na mzabuni wake hawashtakiwi mahali pamoja.

Katika nchi nyingine suala hili huanzia kwenye neno "kiwanda". Nchini India, mwaka 1978, Mahakama ya Juu iliamua katika shauri la mamlaka ya maji ya Bangalore kwamba hata huduma ya umma yaweza kuhesabiwa kiwanda.

Tanzania Bara hali ni tofauti. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 haiulizi kama mwajiri ni kiwanda. Inawahusu wafanyakazi wote, wakiwamo watumishi wa umma, isipokuwa walio katika JWTZ, Polisi, Magereza na JKT.

Hata hivyo, marekebisho ya Sheria ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2016 yalimtaka mtumishi amalize kwanza njia za sheria hiyo. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Shirika la Posta, ilieleza kuwa migogoro ya nidhamu ya watumishi wa umma si ya Tume ya Usuluhishi na Uamuzi (CMA). Hivyo muuguzi wa zahanati ya serikali aliyefukuzwa hukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma, kisha kwa Rais.

Mfagiaji wa mzabuni si mtumishi wa umma, hata akifagia ofisi ya serikali kutwa. Mwajiri wake ni mzabuni, na akiachishwa isivyo halali anazo siku 30 za kwenda CMA. Ndivyo ilivyo pia kwa mpakia magunia kwenye mashine ya kukoboa mpunga.

Kwa hiyo bei ya zabuni haina budi kubeba kima cha chini cha mshahara, likizo, notisi na mchango wa NSSF wa asilimia 20 ya mshahara, ambao mfanyakazi hakatwi zaidi ya nusu yake. Anayeshusha bei kwa kuyaacha hayo huenda akashinda zabuni, lakini faida yake ikaishia kwenye fidia. Naye mwenye fedha za kumkopesha mzabuni aombe kuona mikataba ya wafanyakazi pamoja na barua ya zabuni.