Vipande vya Zabibu na Viungo: Loweka Zabibu, Punguza Sukari

Tuseme umeoka trei ya keki bapa ya zabibu na viungo kwa gramu 200 za sukari, ukaikata vipande 16. Kila kipande kina gramu 12 na nusu za sukari uliyoongeza. Viwili tu vinafikisha gramu 25, kiasi ambacho Shirika la Afya Duniani (WHO), katika mwongozo wake wa 2015, linasema ni bora mtu mzima asikifikie kwa siku nzima. Na chai bado haijatiwa sukari.

Sukari yote hiyo haihitajiki. Zabibu mbichi ina maji takriban asilimia 80. Ikikaushwa hubaki na kama asilimia 15, na sukari yake hufikia karibu gramu 60 katika kila gramu 100. Lakini ukiitia kavu, itanyonya maji ya unga. Kipande kitatoka kigumu, nawe utadhani kimepungukiwa sukari. Loweka zabibu kwenye maji ya moto kwa dakika 15 hivi, zivimbe na kulainika. Maji yake usiyamwage, maana yamechukua utamu: korogea unga badala ya maziwa. Ponda nusu ya zabibu, nusu ziache nzima. Hapo gramu 80 za sukari zinatosha kabisa.

Viungo navyo vinasaidia. Tumezoea kuonja mdalasini ndani ya vitu vitamu, hivyo harufu yake pekee huufanya ubongo uhisi utamu kuliko uliopo. Harufu ya mdalasini na karafuu hubebwa na mafuta yanayoyeyuka vizuri kwenye siagi kuliko majini. Kwa hiyo vitie kwenye siagi ya moto kabla ya unga. Karafuu iwe kidogo sana, ikizidi hutia ulimi ganzi.

Mdalasini aina ya kasia una kumarini, ambayo ikiliwa kwa wingi kila siku huweza kudhuru ini la baadhi ya watu. Kijiko kimoja cha chai kwa trei nzima hakitishi.

Mwenye kisukari asidanganyike na neno tunda: sukari ya zabibu hupandisha sukari ya damu vilevile. Kipande kimoja kinamtosha, na akihesabu ndani ya wanga wa mlo wake. Ukiwaokea watoto wadogo, tafadhali ponda zabibu zote, kwa sababu zabibu nzima inaweza kuwakaba koo.