Mkasi wa Françoise Bonnot

Katika filamu ya Z, maofisa wa jeshi na polisi wanaitwa mmoja mmoja mbele ya hakimu mchunguzi. Kila mmoja anaingia na medali kifuani, anaulizwa jina na kazi, anafoka, anasomewa shtaka. Akiondoka anavamia kwanza mlango uliofungwa, anahangaika na kitasa, ndipo anageukia ule wenye wapiga picha. Ofisa wa kwanza anashangaza, wanaomfuata wanachekesha. Na kicheko hicho kimetoka kwenye meza ya uhariri, ambako Françoise Bonnot alizifululiza zamu hizo bila kumpa mtazamaji nafasi ya kupumua.

Bonnot alizaliwa mwaka 1939 karibu na Paris. Mama yake, Monique, alikuwa mhariri wa filamu, na binti aliianza kazi kando yake akiwa msaidizi. Wakati huo uhariri ulikuwa wa mikono kwelikweli: nakala ya filamu inakatwa, vipande vinaunganishwa kwa utepe wa gundi, na sauti iko kwenye mkanda wake wa sumaku unaopaswa kwenda sambamba na picha. Sekunde moja ni fremu 24. Ukikosea fremu chache tu, mlango unasikika ukibamizwa kabla haujafungwa.

Wengi hudhani kazi ya mhariri ni kuondoa kilichozidi. Hilo ni dogo. Kubwa ni kuamua mtazamaji ajue nini, na ajue lini.

Z, aliyoiongoza Costa-Gavras mwaka 1969, inatokana na kuuawa kwa mbunge Grigoris Lambrakis mjini Thessaloniki mwaka 1963. Kwa kuwa Ugiriki ilikuwa mikononi mwa wanajeshi, filamu ilipigwa Algiers, na Algeria ndiyo iliyoiwasilisha kwenye Oscar. Ndani ya filamu, wakubwa wanashikilia kwamba ile ilikuwa ajali. Bonnot hahitaji hotuba ya kuwajibu: tukio la usiku ule linarudi vipandevipande kadiri mashahidi wanavyojitokeza. Kisengere nyuma, ambacho filamu nyingi za zamani zilikitangulizia ukungu na vinanda, hapa kinaingia bila hodi. Mke wa mbunge, aliyeigizwa na Irene Papas, anamkumbuka mumewe kwa picha fupi mno, zinazokatika kabla hujazizoea. Mwaka 1970 Bonnot alipewa Oscar ya uhariri.

Hapo ungetegemea awe mhariri wa mbio. Lakini mwaka huohuo wa 1969 ilitoka pia L'Armée des ombres ya Jean-Pierre Melville, kuhusu wapinzani wa siri wa utawala wa Wajerumani, na mhariri ni yeye. Kuna onyesho ambapo wapiganaji wamempeleka kijana msaliti kwenye nyumba ili wampige risasi. Kumbe upande wa pili wa ukuta kuna watu; mlio utasikika. Basi wanajadiliana njia nyingine, na yeye yupo palepale, anasikia kila neno. Mkasi ungeweza kutuokoa mapema, lakini Bonnot anatubakiza chumbani. Kwa maoni yangu hilo ni gumu kuliko mbio zote za Z, ijapokuwa halikumpa sanamu ya dhahabu.

Baadaye alihariri The Tenant ya Roman Polanski (1976), akavuka hadi Hollywood, na uzeeni akawa mshirika wa mwongozaji Julie Taymor katika Titus na Frida. Alifariki mwaka 2018.

Ukitaka kumwona akitumia mbio na subira kwa pamoja, tafuta Missing ya mwaka 1982, iliyompa tuzo ya BAFTA. Baba Mmarekani, aliyeigizwa na Jack Lemmon, anakwenda kumtafuta mwanawe aliyepotea baada ya mapinduzi ya kijeshi ya mwaka 1973 nchini Chile. Kijana tunamwona mwanzoni. Baada ya kutoweka, anarudi tu kupitia vinywa vya waliomjua, mara kwa sekunde chache, mara kwa onyesho zima. Baba na mtazamaji wanaijua habari kwa wakati mmoja, na hakuna kati yao anayetangulizwa hata kwa fremu moja.