Upepo, Ardhi Tupu na Dhoruba za Vumbi

Dhoruba ya vumbi ni upepo mkali uliobeba udongo mkavu kwa wingi hata watu wakashindwa kuona mbele. Hutokea panapokutana mambo matatu: upepo wenye nguvu, udongo mkavu ulio laini, na ardhi isiyo na majani ya kuufunika. Likikosekana moja, upepo huvuma ukapita.

Kazi huanzwa na mchanga. Punje zake ni nzito, hivyo upepo huziinua kidogo tu zikaruka na kuanguka tena. Kila punje inapoanguka hugonga ardhi na kufumua chembe laini zaidi, ambazo zilikuwa zimegandamana hata upepo wenyewe usingezing'oa. Chembe hizo ndizo vumbi. Zikishapanda juu huweza kukaa hewani siku kadhaa. Vumbi la Sahara huvuka Bahari ya Atlantiki hadi Amerika ya Kusini.

Nchini Kenya, mambo hayo matatu hukutana katika Jangwa la Chalbi, Kaunti ya Marsabit, mashariki mwa Ziwa Turkana. Maelfu ya miaka iliyopita Chalbi ilikuwa ziwa. Maji yalipokauka yaliacha tope laini na chumvi. Upepo wa huko hutoka kusini-mashariki, upande wa Bahari ya Hindi, ukabanwa kati ya nyanda za juu za Ethiopia na zile za Kenya, na kwa kubanwa huko ukazidi kasi. Upepo huohuo ndio unaozungusha mitambo 365 ya kufua umeme karibu na Loiyangalani.

Binadamu naye huchangia. Mifugo ikizidi malisho, nyasi huisha na kwato huvunja ganda la juu la udongo. Katika nyanda za kati za Marekani, wakulima walilima mbuga za nyasi kwa matrekta. Ukame wa miaka ya 1930 ulipoingia, udongo ukapeperuka na familia nyingi zikahama.

Hasara ya kwanza ni ya shamba, kwa kuwa upepo huchukua udongo laini wenye rutuba na kuacha mchanga na changarawe. Ya pili ni ya afya: chembe zisizozidi sehemu moja ya mia ya milimita huingia kifuani, zikawazidishia taabu wenye pumu. Macho huwasha, na madereva hushindwa kuona barabara.

Pwani ya Kilifi imesalimika zaidi. Matsangoni na jirani zake hupata takriban milimita 1,000 za mvua kwa mwaka, na upepo wa baharini huja na unyevu. Ndani zaidi, katika nyika za Ganze na Magarini, mvua hupungua na kiangazi huleta vumbi na chamchela.

Hata hivyo, hata pwani kazi ya upepo huonekana wazi, katika ufuko wa Mambrui. Mto Sabaki, ambao huanzia nyanda za juu kwa jina la Athi, hushusha udongo na mchanga hadi baharini kaskazini mwa Malindi. Mawimbi huurudisha mchanga ufukweni, ukakauka, kisha kusi ikausukuma hadi ukawa vilima. Nyuma ya kila kishungi cha nyasi hulala mkia mdogo wa mchanga: pale upepo ulipopunguzwa kasi, mzigo ulianguka.

Kinga ya mashamba hufuata kanuni hiyohiyo. Safu za miti, kama mivinje ambayo wakulima wengi wa Kilifi huipanda kwa ajili ya nguzo, huvunja nguvu za upepo. Nyasi na mabua hushika udongo. Kwa hiyo mkulima wa nyika anayesubiri masika asichome mabua ya mahindi. Ayaache yalale shambani hadi mvua inyeshe.