Uteuzi na Uoanishaji wa Fonti ya Kijiometri katika Maandishi ya Kiswahili: Mfano wa Majina ya Kilosa na Mikumi

Makala haya yanafafanua vigezo vya kuteua fonti ya kijiometri na kuioanisha na fonti nyingine katika usanifu wa maandishi ya Kiswahili. Fonti ya kijiometri ni ile ambayo herufi zake zimejengwa kwa maumbo ya duara, pembe na mstari ulionyooka. Mfano wake mashuhuri ni Futura, iliyosanifiwa na Paul Renner na kutolewa Ujerumani mwaka 1927. Hoja kuu ni kwamba fonti hiyo ijaribiwe kwa maneno yatakayosomwa, wala si kwa uzuri wa alfabeti yake pekee.

Wilaya ya Kilosa, mkoani Morogoro, inatoa mfano unaofaa. Mji wa Mikumi umo wilayani humo, na barabara kuu ya kutoka Dar es Salaam kwenda Iringa hukatiza Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, iliyoanzishwa mwaka 1964. Gari liendalo kilomita 80 kwa saa hupita takribani mita 22 kila sekunde. Kwa hiyo, bango la kumtahadharisha dereva kuhusu wanyamapori halina budi kusomeka kwa mtazamo mmoja.

Kigezo cha kwanza ni utofauti wa herufi. Katika Futura, a ndogo ni duara lenye mstari wima upande wa kulia; kwa mbali hukaribiana na o. Tatizo hili lina uzito katika Kiswahili, kwa kuwa vitenzi vingi huishia na -a, na irabu hizo mbili hutofautisha maana, kama katika hama na homa, au bara na bora. Katika jina Kilosa, o na a zimetenganishwa na konsonanti moja tu. Jina Ilonga, la wilayani humo, huanza kwa I kubwa na l ndogo, ambazo huonekana kama vijiti viwili. Montserrat na Poppins, ambazo nazo ni za kijiometri, zina a yenye mkunjo juu. Hutatua tatizo la kwanza, lakini si la pili.

Kigezo cha pili ni nafasi. Jina Mikumi ni mfululizo wa mistari wima mingi. Herufi zikibanwa, m, i na u huungana machoni. Vivyo hivyo, ritifaa ikimezwa na g, ng'oa husomwa ngoa.

Kigezo cha tatu ni uoanishaji. Fonti ya kijiometri hufaa vichwa na maandishi mafupi. Maelezo marefu, kama ya kijitabu cha wageni, yapewe fonti yenye vimstari kwenye ncha za herufi, mathalani Gentium ya Victor Gaultney, inayopatikana bure. Fonti mbili za kijiometri zisioanishwe, kwani tofauti yao ndogo huonekana kama kosa. Aidha, urefu wa herufi ndogo za fonti zilizooanishwa ukaribiane.

Kwa kuhitimisha, mbunifu achapishe Kilosa, Ilonga, Mikumi na ng'ombe kwa ukubwa uliokusudiwa, kisha ampe mtu asiyeifahamu wilaya azisome kwa mbali. Mwenyeji hulikamilisha jina kwa mazoea hata likiwa na utata. Mgeni hutegemea umbo la herufi pekee.