Dieudo Hamadi: kamera kando ya waliodhulumiwa

Kisangani hakuna anayehitaji kuelezwa Vita vya Siku Sita. Tangu tarehe 5 hadi 10 Juni 2000, majeshi ya Rwanda na ya Uganda yalipigana ndani ya mji ambao haukuwa wa Rwanda wala wa Uganda. Mamia ya raia waliuawa. Wengine walipona, lakini bila mguu au bila mkono. Mbali na mji huo, wengi wamesahau. Dieudo Hamadi, mwana wa Kisangani, amefanya kazi ili tusisahau.

Alizaliwa mwaka 1984, na alisomea mambo ya tiba kabla ya kushika kamera. Filamu zake si hadithi za kutungwa. Watu tunaowaona ni wenyewe, na maneno ni yao. Kwa kawaida Hamadi hupiga picha yeye mwenyewe, akikaa karibu na watu muda mrefu hadi wamzoee. Hatuambii tufikiri nini; anatuacha tutazame.

Anatuonyesha dhuluma ambazo tumezizoea. Katika “Atalaku” (2013), mchungaji maskini wa Kinshasa anafanya kazi ya kumpigia mgombea kelele kwa malipo, wakati wa uchaguzi wa 2011. Katika “Examen d'État” (2014), wanafunzi wa Kisangani waliofukuzwa darasani kwa kukosa pesa za walimu wanajitayarisha wao wenyewe kwa mtihani wa serikali.

“Maman Colonelle” (2017) inamfuata Kolonel Honorine Munyole, mama wa polisi aliyehamishwa kutoka Bukavu hadi Kisangani. Kazi yake ni kulinda wanawake na watoto. Anawapokea wanawake walioumizwa katika vita, na watoto walioteswa kwa kushitakiwa uchawi. Huko Berlin, filamu hii ilipewa tuzo na waamuzi wa kiekumene, ambamo Waprotestanti na Wakatoliki huketi pamoja. Ni heshima kwetu, na ni swali pia: ni mara ngapi mashitaka hayo ya uchawi yanatamkwa ndani ya nyumba za maombi?

Kisha ikaja “En route pour le milliard” (2020). Walemavu wa Vita vya Siku Sita wanachoka kungoja. Wanapanda chombo na kushuka mto Kongo, siku nyingi, chini ya mvua, kwenda Kinshasa kudai fidia mbele ya wakubwa. Filamu hiyo ilikuwa ya kwanza ya nchi yetu kuingia katika orodha rasmi ya tamasha la Cannes.

Tusidanganyike: filamu hailipi fidia. Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliihukumu Uganda mwaka 2005. Kuhusu Rwanda ilisema haina uwezo wa kuamua. Mwaka 2022 ikaamuru Uganda iilipe Kongo dola milioni 325, na kati yake milioni 225 ni kwa ajili ya madhara yaliyowapata watu. Malipo ya kwanza, milioni 65, yalifanyika mwaka huo huo. Lakini hukumu hiyo ni kati ya serikali na serikali. Pesa zikifika Kinshasa, hazijafika bado kwa mama anayetembea kwa magongo Kisangani.

Hapo ndipo kazi ya Hamadi ina maana. Katika hukumu, mama huyo ni sehemu ya hesabu. Katika filamu, ana uso, ana sauti, anacheka, anakasirika, anabishana na wenzake juu ya njia ya kufuata. Aliyekwisha kumwona hivyo hawezi tena kusema kwamba mambo yamekwisha.

Si kila mtu atashika kamera. Lakini katika kila parokia kuna mtu ambaye madai yake yamechosha masikio ya watu. Kukaa naye, kumsikiliza hadi mwisho, na kuyaandika aliyoyasema: hiyo ni kazi ambayo hata sisi tunaiweza.