Karatasi za Fustat

Kwa Wayahudi, andiko lenye jina la Mungu halitupwi jalalani wala halichomwi moto. Likichakaa huwekwa kando, mahali panapoitwa geniza, likingoja kuzikwa makaburini kama anavyozikwa binadamu. Waislamu wa pwani yetu, ambao hawathubutu kuuacha ukurasa wa msahafu ukanyagwe, watauelewa mwiko huo bila kuelezwa. Wayahudi wa Fustat, mji mkongwe ambao leo ni sehemu ya Kairo, waliushika kwa namna yao. Katika sinagogi lao la Ben Ezra kulikuwa na chumba chenye tundu moja tu, juu ukutani, upande wa wanawake. Mtu alipanda ngazi, akadumbukiza karatasi yake, akashuka. Wakafanya hivyo kwa karibu miaka elfu moja, na nyingi ya karatasi hizo hazikufika makaburini. Ukavu wa hewa ya Misri ukazihifadhi.

Hayakutiwa humo maandiko matakatifu peke yake. Barua ya biashara iliweza kuanza kwa jina la Mungu, na herufi za Kiebrania zenyewe zilikuwa na heshima yake, hata zilipotumika kuandika Kiarabu, lugha ya nyumbani na sokoni kwa watu hao. Kwa hiyo kurasa za Torati zililala pamoja na hesabu za maduka, hati za talaka, orodha za vyombo vya bibi harusi na vitabu vya watoto wanaojifunza alfabeti, herufi zake zikiwa zimepambwa kwa rangi.

Mwaka 1896 mapacha wawili wa Kiskoti, Agnes Lewis na Margaret Gibson, walirudi Cambridge na vipande walivyovinunua safarini. Mwanazuoni Solomon Schechter akatambua kimojawapo kuwa ni Kiebrania cha kitabu cha Yoshua bin Sira, ambacho kwa karne nyingi kilijulikana kwa tafsiri. Akafunga safari kwenda Kairo, na kwa idhini ya wakuu wa jumuiya akapeleka Uingereza vipande vipatavyo 193,000. Vingine vimetawanyika katika maktaba za nchi mbalimbali. Yeye alivutiwa zaidi na vitabu vya dini. Aliyezigeukia barua na mikataba kwa dhati, nusu karne baadaye, ni S. D. Goitein, na kutokana na hizo akaandika kazi ya juzuu tano kuhusu maisha ya watu hao.

Tazama ndoa. Mahari iligawanywa mafungu mawili: moja lilitolewa papo hapo, jingine likabaki deni la mume, likidaiwa akimwacha mkewe au akifa. Mali aliyokuja nayo bibi harusi iliandikwa kitu kimoja kimoja pamoja na bei yake, kuanzia vipuli na bangili hadi magodoro, ili ikitokea talaka pasiwe na ubishi. Kisha yakaja masharti. Wako waume waliojifunga kutooa mke wa pili, wala kuweka mjakazi asiyependwa na mke. Wako waliokubali mapato ya ushoni yawe ya mke mwenyewe. Mume na mke wa madhehebu mawili, Rabani na Karaiti, waliahidiana kutoingiliana: asiyewasha taa usiku wa Sabato asilazimishwe kukaa penye taa. Sheria ya dini ilikuwa moja, lakini kila familia iliongezea yake mbele ya mashahidi.

Kwa maskini, mkate uligawiwa Jumanne na Ijumaa, na orodha za wapokeaji zimebaki: wajane, vipofu, mayatima, wageni waliokimbia vita. Mateka wa maharamia walikombolewa kwa michango, na bei ya mazoea ilikuwa dinari 100 kwa watu watatu.

Nyumba nyingi zilikuwa na mtu safarini, maana Fustat ilifanya biashara na Sisili, Aden na India, kwa meli zilizosubiri pepo zilezile za msimu zilizovileta vyombo vya Waarabu hadi kwetu. Kutoka bandari ya Aydhab kwenye Bahari ya Shamu, mfanyabiashara David alimwandikia kaka yake, Musa bin Maimun, yule tabibu na mwanasheria mashuhuri, akimweleza alivyovuka jangwa salama na kwamba sasa anaelekea India. Akamwomba amtulize mkewe. David alizama katika Bahari ya Hindi, na huzuni ikamlaza Musa kitandani kwa takriban mwaka mzima.

Lakini anayewaumbua zaidi waandishi wa sheria ni mwanamke aliyejulikana kwa jina la al-Wuhsha, dalali tajiri wa mwishoni mwa karne ya 11. Alizaa mtoto na mwanamume aliyeitwa Hassun bila ndoa inayotambuliwa na Wayahudi. Akijua kwamba siku moja mwanawe ataitwa mwana wa haramu asiye na baba, aliita watu waje wawakute nyumbani mwake pamoja na Hassun, wawe mashahidi. Siku ya Upatanisho, siku takatifu kuliko zote, mkuu wa sinagogi moja alimfukuza mbele ya waumini. Wosia wake umeonekana. Ametenga fedha za mazishi ya fahari, sadaka kwa masinagogi, likiwemo lile lililomfukuza, na malipo ya mwalimu wa kumfundisha mwanawe maandiko na sala. Hassun asipewe hata senti moja.

Anayetegemea vitabu vya sheria vya enzi hiyo atajua mwanamke alitakiwa aweje. Hatajua kwamba palikuwa na aliyekopesha, akashuhudia kortini, akazaa nje ya ndoa, kisha pesa yake ikapokewa na wale wale waliomtoa mlangoni. Mila za watu wa Fustat zilikuwa na pande zote mbili hizo, amri na namna ya kuishi nayo, na upande wa pili tumeupata kwa sababu tu waliona haya kuitupa karatasi.