Macho ya Beki Hayako Kwenye Mpira

Hapa Mudzipela vijana wakionyeshana vipande vya futboli ya Marekani kwenye simu, swali huwa ni lile lile: mbona mabeki wengine wanakimbilia mahali pasipo na mpira? Juzi nilikusanya vifuniko 22 vya soda, nikavipanga mavumbini uani, 11 huku na 11 kule, nikawaambia wasahau mpira kwanza.

Sharti la mchezo ni hili. Timu yenye mpira hupewa majaribio manne ya kusogea yadi 10, yaani kama mita tisa. Ikishindwa, zamu inakwenda kwa wapinzani. Kwa hiyo beki wa huko hangoji mpaka hatari ifike golini kama tulivyozoea. Yeye anagombania hatua. Mwenye mpira akiangushwa baada ya kusogea hatua mbili tu, beki amekwisha kula faida.

Mbele kabisa husimama watu wanne, pengine watatu, wameinama, vidole viko kwenye nyasi. Walio katikati ni mapande ya watu, wengi wanapita kilo 130. Hao huziba mianya. Mmoja akiwashughulisha wapinzani wawili, kuna mwenzake nyuma yake aliyebaki huru, ingawa jina la huyo mnene halitatajwa redioni. Walio pembeni wana kazi mbili zinazovutana: kumzuia mkimbiaji asizunguke kwa nje, na kumfukuza kotabeki, yule mpangaji anayerusha mpira. Kumwangusha kotabeki kabla hajarusha ni tendo kubwa mno, na bado ligi kuu ya Marekani ilianza kulihesabu rasmi kwa mchezaji mmoja mmoja mwaka 1982 tu.

Nyuma kuna konabeki, wanaogandana na wapokeaji wenye mbio, na sefti, walinzi wa mwisho. Sefti mfikirie kama Chancel Mbemba, beki wetu wa soka wa Kongo: anaona uwanja wote, anawapanga wenzake, na akikosea yeye hakuna wa kumfunikia.

Katikati ya makundi hayo mawili ndipo anapokaa lainibeki, na hapo ndipo nilipowachelewesha vijana wangu. Anasimama yadi nne au tano nyuma ya wale wanene, magoti yamekunjwa kidogo, uzito uko kwenye vidole vya miguu. Mpira umefichwa na miili, na kotabeki anaweza kujifanya anamkabidhi mwenzake huku bado anao. Ukiufuata kwa macho utadanganywa. Lainibeki humtazama mtu mzito wa upande wa pili, yule anayewakinga wenzake. Akijitupa mbele, kichwa chini, hiyo mara nyingi ni mbio, na lainibeki anakimbilia mwanya wake. Kichwa kikiinuka na mtu akarudi nyuma, inakuja pasi, na lainibeki naye anarudi kufunika eneo lake. Uamuzi huo unafanyika kabla hujamaliza kupepesa jicho. Nilikisogeza kifuniko kimoja mbele, kisha nyuma, mara kumi hivi, hadi mdogo kuliko wote akaanza kutaja “mbio” na “pasi” kabla mkono wangu haujatulia.

Kazi hiyo imefanywa vizuri sana na mtoto wa nchi yetu. Henoc Muamba alizaliwa Kinshasa mwaka 1989, akakulia Kanada, na mwaka 2011 timu ya Winnipeg ilimchagua wa kwanza kabisa kati ya wachezaji wote waliotoka vyuoni. Futboli ya Kanada ni ndugu wa ile ya Marekani: wachezaji ni 12, majaribio ni matatu, uwanja ni mpana zaidi, maana yake lainibeki ana ardhi kubwa zaidi ya kulinda. Ndugu yake Cauchy naye alicheza ligi hiyo hiyo, safu ya nyuma.

Tarehe 20 Novemba 2022 Henoc alicheza fainali ya ligi hiyo, Grey Cup, akiwa na Toronto, dhidi ya Winnipeg ile ile. Dakika za mwisho Toronto walikuwa mbele 24–23. Kotabeki wa Winnipeg, Zach Collaros, akarusha pasi, na Muamba akaidaka. Akatoka na tuzo mbili, mchezaji bora wa fainali na Mkanada bora wa fainali. Mlinzi kupewa heshima hiyo si jambo la kila mwaka, kwa kuwa kwa kawaida tuzo huwafuata warusha mpira na wafunga pointi.

Lakini mechi ilikuwa haijaisha. Winnipeg walirudi wakasogea hadi wakapata nafasi ya kupiga mpira kati ya nguzo, pigo ambalo lingewapa uongozi. Mkono uliouzuia mpira huo ulikuwa wa Robbie Smith, mtu wa safu ya mbele, mmoja wa wale wa pembeni.